Vinamasi vya kusini mwa Iraq: vilikaushwaje, na nani? Maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Maswali haya huibuka kila vinamasi vya Iraq vinapotajwa kwenye habari. Niseme mapema ninachoamini: watu waliamua kuvikausha, kwanza kwa ajili ya vita, kisha kwa ajili ya mafuta, na mara zote mbili silaha ilikuwa tuta la udongo. Ukilifuata tuta hilo, habari yote inaeleweka.

Vinamasi hivi viko wapi hasa?

Kusini mwa Iraq, katika mikoa ya Maysan, Dhi Qar na Basra. Mito miwili mikubwa, Tigri na Frati, huteremka kutoka milima ya Uturuki na kukutana katika mji wa Qurna, kaskazini ya Basra. Hapo huwa mto mmoja, Shatt al-Arab, unaomwaga maji yake Ghuba. Kabla ya kukutana, nchi ni tambarare mno hata maji hayajui yaende wapi, basi hutapakaa. Ndivyo vilivyozaliwa vinamasi vikubwa vitatu: Hawizeh upande wa mashariki, unaovuka mpaka na kuingia Iran, ambako huitwa Hawr al-Azim, Kinamasi cha Kati, baina ya mito miwili, na Hammar, kusini ya Frati.

Picha za setilaiti za mwaka 1973 zinaonyesha karibu kilomita za mraba 9,000 za kinamasi cha kudumu, yaani zaidi ya mara tano ya kisiwa cha Unguja. Msimu wa mafuriko ukifika, eneo lenye maji lilikuwa kubwa zaidi ya hapo. Kufikia mwaka 2000 zilibaki kilomita za mraba 1,300 hivi, na nyingi kati ya hizo zilikuwa Hawizeh, mpakani.

Wanaoishi humo ni akina nani?

Ni Waarabu wa vinamasi, wanaojulikana kama Ma'dan. Maisha yao yameshikamana na vitu vitatu: maji, matete na nyati wa kufugwa.

Matete ya huko hukua yakamzidi mtu mara tatu. Watu huyakata, huyafunga mafungu manene chini na membamba juu, kisha huyasimika safu mbili zinazotazamana. Vilele hupindwa hadi vikutane, vikafungwa kwa kamba ya matete hayo hayo, ukapatikana upinde. Pinde zikipangwa moja baada ya nyingine na kufunikwa kwa mikeka, hiyo ni mudhif, nyumba ya wageni ya ukoo. Hakuna msumari hata mmoja ndani yake. Pande mbili za mwisho husukwa kwa matundu ili upepo upite, na katikati huwa na meko ya kahawa chungu. Humo ndimo mashauri yanamokaliwa, ugomvi unamopatanishwa na mahari inamozungumzwa. Michongo ya Wasumeri kutoka Uruk, yenye umri wa miaka 5,000 hivi, inaonyesha nyumba za namna hiyo hiyo.

Nyati hutoka asubuhi kwenda malishoni, wakiogelea, na jioni hurudi wenyewe. Maziwa yao huchemshwa polepole usiku hadi yatengeneze utando mzito wa malai, uitwao gaymar. Alfajiri akina mama huupeleka mjini kwenye sinia, na watu huula kwa mkate wa moto na asali au sharubati ya tende. Hiyo ndiyo fedha ya familia. Maji yakiingia chumvi, kinachoanza kupungua ni maziwa, na baadaye nyati wenyewe huanza kufa.

Vita vya Iran na Iraq vilivifanya nini?

Vilivigeuza uwanja wa mapambano. Vita hivyo vilianza Septemba 1980, vikaisha Agosti 1988, na mpaka wa nchi hizo mbili unapita katikati ya Hawizeh. Februari 1984 Iran ilipitisha maelfu ya askari ndani ya matete kwa mashua ndogo, wakavitwaa visiwa vya Majnoon. Visiwa hivyo vilikuwa vimejengwa kwa kumwaga mchanga na udongo juu ya kinamasi ili kuchimba mafuta. Kwa hiyo hata kabla ya risasi ya kwanza kulia hapo, kinamasi kilikuwa kimeshaanza kufukiwa, na kilichopiganiwa ni kile kilichokuwa chini yake.

Iraq ilijibu kwa silaha za kemikali. Wataalamu waliotumwa na Umoja wa Mataifa walikwenda Iran Machi 1984 na kuthibitisha kwamba gesi ya haradali na sumu ya mishipa ya fahamu iitwayo tabun zilikuwa zimetumika. Machi 1985 Iran ilishambulia tena kupitia vinamasini. Iraq iliirudisha Majnoon mikononi mwake Juni 1988.

Katika miaka hiyo yote majeshi yalijenga. Vifaru haviendi kwenye maji, basi matuta yalirundikwa kukata kinamasi ili barabara ipite juu yake. Upande mmoja wa tuta maji yalizuiwa, upande wa pili yakaachwa yafurike ili adui asipite. Matete yalichomwa ili askari waone mbali, na mabomu ya ardhini yakafukiwa mpakani, ambako hadi leo yapo ambayo hayajateguliwa. Vita viliisha, lakini matuta hayakubomolewa.

Kwa nini serikali ikaushe nchi yake yenyewe?

Hili ndilo swali ninaloulizwa zaidi, na jibu lake linauma. Ilitaka kuwapata watu waliojificha humo.

Vita vya Kuwait viliisha mwishoni mwa Februari 1991. Siku chache baadaye, mwanzoni mwa Machi, watu wa kusini mwa Iraq, wengi wao Washia, waliasi dhidi ya Saddam Hussein. Uasi ulizimwa kwa wiki chache, tena kwa ukatili mkubwa. Waliosalimika, wakiwemo askari waliotoroka jeshini, walikimbilia mahali ambapo watu wanaoikimbia serikali wamejificha kwa karne nyingi, yaani ndani ya matete. Kifaru hakiingii, gari haliingii, na mgeni asiyejua njia za maji hupotea kabla ya saa moja kupita.

Uadui wa serikali na watu wa vinamasi ulikuwapo tangu kabla ya hapo. Hati ya usalama ya mwaka 1989, ambayo baadaye ilipatikana na watetezi wa haki za binadamu, ilipendekeza kuchoma nyumba na kuwanyima biashara ya chakula. Baada ya 1991 likaongezwa lililo kubwa kuliko yote hayo: kuwaondolea maji. Serikali iliwaambia walimwengu kuwa ni mradi wa kilimo. Lakini mradi wa kilimo hautanguliwi na mizinga kupiga vijiji, wala hauwaachi wakulima wenyewe wakiwa wakimbizi.

Maji mengi kiasi hicho yalikaushwaje?

Kwa ufundi, na ni muhimu kuuelewa ufundi huo, maana bado unatumika.

Maji ya Kinamasi cha Kati yalikuwa yakitoka Tigri kupitia vijito vingi vinavyochepuka karibu na mji wa Amara. Wahandisi wa serikali walichimba mfereji mpana wenye kingo ndefu, ukavikinga vijito vyote kabla havijafika kinamasini, ukayapeleka maji yake moja kwa moja Frati karibu na Qurna. Uliitwa Mto wa Fahari. Upande wa Frati zilijengwa kingo ili mto usifurike kuelekea Hammar, na ukachimbwa mfereji mwingine ulioitwa Mama wa Mapambano, jina ambalo Saddam alikuwa amevipa vita vyake vya 1991. Juu ya hayo kulikuwa na Mto wa Tatu, mfereji wa kilomita 565 uliokamilishwa Desemba 1992. Ulianza kufikiriwa tangu miaka ya 1950 kwa nia njema ya kuyatoa maji ya chumvi mashambani, nao ukamaliziwa harakaharaka wakati vijiji vya vinamasi vinapigwa mabomu.

Ndani ya eneo lililozungushiwa kingo hakuna aliyehitaji kupiga pampu. Kwenye joto la kiangazi cha Iraq, linalopita nyuzi 45, maji yaliyokatiwa mlango hujikausha yenyewe. Kilichobaki kilichomwa moto.

Watu wangapi waliathirika?

Mwaka 1991 wakazi wa vinamasi walikadiriwa kuwa robo milioni. Kufikia 2003 waliobaki katika makazi yao ya asili walikadiriwa kuwa 40,000 tu. Wasiopungua 40,000 walikimbilia Iran, na zaidi ya 100,000 wakatawanyika ndani ya Iraq yenyewe, wengi wakiishia mabanda ya pembezoni mwa Basra na Baghdad. Jiulize mtu aliyejua kusoma maji, kuwinda samaki kwa mkuki wa ncha tano na kusimika mudhif, anafanya kazi gani mjini. Wengi waligeuka vibarua wa siku.

Dunia haikujua?

Ilijua. Max van der Stoel, mjumbe maalumu wa Umoja wa Mataifa wa haki za binadamu nchini Iraq, aliandika juu ya jambo hilo mwaka baada ya mwaka. Agosti 1992 Marekani, Uingereza na Ufaransa zilipiga marufuku ndege za Iraq kuruka kusini ya latitudo ya 32. Ndege zilikoma, lakini matingatinga hayana mabawa, yakaendelea na kazi chini. Rubani aliyekuwa akipita juu aliweza kuiona mifereji ikirefuka.

Mwaka 2001 Shirika la Mazingira la Umoja wa Mataifa, UNEP, lilitoa ripoti iliyolinganisha picha za setilaiti na kutangaza kwamba takriban 90% ya vinamasi imetoweka. Hapo ndipo magazeti yalipoamka. Miaka kumi ilikuwa imeshapita, na nasikitika kusema kwamba picha za ardhi iliyopasuka ziliwagusa wengi kuliko ushahidi wa watu waliofukuzwa.

Kinamasi kikikauka, nini hasa hutokea ardhini?

Watu wengi hudhani kwamba maji yakiondoka hubaki udongo mzuri wa kulima. Sivyo. Maji ya mito hii hubeba chumvi kidogo kidogo, na mafuriko ya masika ndiyo yaliyokuwa yakiisafisha kila mwaka na kuisukuma baharini. Maji yakiisha, chumvi hubaki na kupanda juu, ikatanda ganda jeupe linalovunjika chini ya kiatu. Mizizi ya matete hukauka na kuungua pamoja na udongo, na upepo hupeperusha vumbi hadi mijini.

Samaki hawakuwa hasara ya Iraq peke yake. Kamba wa Ghuba walikuwa wakipanda Shatt al-Arab kwenda kukulia vinamasini, kisha wakirudi baharini, ndiyo maana wavuvi wa Kuwait nao waliona mabadiliko kwenye nyavu zao. Matete pia yalikuwa chujio: maji machafu ya mashamba na miji yaliingia vinamasini, yakapoa, yakaacha taka zake, ndipo yakaenda baharini. Na kuna fisi maji wa aina ya pekee, mwenye manyoya laini, ambaye ilidhaniwa amekwisha kabisa hadi alipopatikana tena baada ya 2003.

Ni kweli maji yalirudi?

Ni kweli, na naomba jambo hili lisimuliwe mara nyingi kama yanavyosimuliwa maangamizi.

Aprili 2003, utawala wa Saddam ulipoanguka, wanakijiji hawakungoja amri ya mtu. Walichukua majembe na sururu wakazitoboa kingo. Palipokuwa pagumu, waliazima mashine. Kwingine wafanyakazi wa idara ya maji walifungua milango ya mabwawa. Maji yaliingia kwenye nchi iliyokuwa jangwa kwa miaka kumi, na baada ya miezi kadhaa matete yalichomoza, maana mizizi na mbegu vilikuwa vimelala hai chini. Ndege walifuata, na nyati wakaletwa. Kufikia 2005, karibu 40% ya eneo la zamani lilikuwa limefunikwa tena na maji.

Azzam Alwash, mhandisi wa Kiiraqi aliyekuwa akiishi California, alirudi nyumbani akaanzisha shirika la Nature Iraq. Baba yake alikuwa mhandisi wa umwagiliaji, na utotoni alikuwa akimchukua mwanawe kwenye mashua kuzunguka vinamasini. Mwaka 2013 Alwash alipata tuzo ya mazingira ya Goldman, na mwaka huo huo Iraq ikatangaza hifadhi yake ya kwanza ya taifa katika Kinamasi cha Kati.

Lakini maji hayakurudi sawasawa. Sehemu zilizopata maji matamu yanayotembea zilipona vizuri. Zilizopata maji yaliyotuama juu ya chumvi ya miaka kumi zilitoa matete mafupi na samaki wachache.

Mafuta yanaingia wapi katika habari hii?

Yako chini yake. Majnoon ni miongoni mwa maeneo makubwa ya mafuta duniani, na iko ndani ya Hawizeh. Rumaila na West Qurna ziko kando ya Hammar, na Halfaya iko Maysan. Upande wa Iran, uwanja wa Azadegan umekaa kwenye Hawr al-Azim. Zaidi ya 90% ya mapato ya serikali ya Iraq hutoka kwenye mafuta, basi usitegemee waziri wa mazingira akashinda mabishano na waziri wa mafuta.

Kuanzia 2009 Iraq iliita kampuni za kigeni kuendeleza maeneo hayo. Mchimbaji wa mafuta anataka ardhi kavu: kila kisima kina uwanja wake wa udongo ulioshindiliwa, kila uwanja una barabara, na kila barabara ni tuta lingine. Tuta la jeshi la 1984 lilikuwa barabara ya kifaru. Tuta la leo hupita malori ya mabomba. Kwa samaki na nyati yote ni ukuta.

Kisha kuna maji yenyewe. Kisima kikishatolewa mafuta kwa miaka, shinikizo hupungua, na maji husukumwa chini ili yayainue mafuta. Kwa kila pipa la mafuta yanaweza kuhitajika maji pipa moja au zaidi. Kwa miaka mingi maji ya Rumaila yalivutwa kutoka Garmat Ali, pale Hammar inapokutana na Shatt al-Arab. Upo mpango wa kutumia maji ya bahari badala yake, na umeahirishwa tena na tena kwa miaka kumi na zaidi. Jambo hili linanikera: katika nchi ambayo watu wanafukuzwa na kiu, maji ya mto yamekuwa yakizikwa ardhini ili kutoa mafuta.

Usiku vijiji vingi vya Basra havihitaji taa kwa sababu ya miali ya gesi inayochomwa. Iraq iko miongoni mwa nchi zinazoongoza duniani kwa kuchoma gesi ya visimani, na watu walio chini ya moshi huo hulalamikia vifua na saratani.

Mwaka 2018 maji ya mabomba mjini Basra yalikuwa ya chumvi na yamechafuka kiasi kwamba watu wasiopungua 118,000 walifikishwa hospitalini. Mji ulio juu ya bahari ya mafuta ulikosa maji ya kunywa, na vijana wakaingia barabarani kuandamana.

Lakini si mabwawa ya Uturuki na ukame ndivyo vinavyoumaliza mto?

Vimo, tena kwa kiasi kikubwa. Mpango wa Uturuki wa kusini mashariki ya Anatolia una mabwawa 22. Januari 1990 Frati ilizuiwa kwa mwezi mmoja ili bwawa la Atatürk lianze kujaa. Bwawa la Ilısu kwenye Tigri lilianza kujazwa 2019 na kuuzamisha mji wa kale wa Hasankeyf. Syria ina bwawa la Tabqa, Iran ina la Karkheh kwenye mto unaolisha Hawizeh, na Iraq yenyewe ilijenga Mosul na Haditha miaka ya 1980. Mabwawa haya yameondoa mafuriko ya masika, yale yaliyokuwa yakiosha chumvi.

Mabadiliko ya tabianchi nayo yapo. Mvua kubwa za 2019 zilijaza vinamasi hadi watu wakafurahi, kisha ukaja ukame wa mfululizo kuanzia 2021 na nyati wakafa tena. Ninachokataa ni hoja ya mkato kwamba "ni ukame tu." Katika miaka ya 1990 uharibifu mkubwa ulifanywa na mifereji na kingo. Leo maji machache yanayofika hugawanywa, na mgao huo una mpangilio: mafuta, miji, ngano, halafu vinamasi. Hakuna mvua iliyopanga foleni hiyo.

Sisi Waswahili inatuhusu nini?

Kwa njia mbili za kweli, na ya tatu inayokuja.

Ya kwanza ni ya zamani. Katika karne ya 9 watumwa karibu na Basra walikuwa wakikwangua tabaka la chumvi ardhini ili mashamba ya mabwana zao yalimike. Miongoni mwao walikuwamo watu wa pwani ya Afrika Mashariki, ambao Waarabu waliwaita Zanj. Ni wangapi kati yao walitoka kwetu, wanahistoria wanabishana. Mwaka 869 waliasi wakiongozwa na Ali ibn Muhammad, mwaka 871 wakaiteka Basra, wakajenga mji wao uliojulikana kama al-Mukhtara. Majeshi ya Abbasi yalihitaji miaka 14 kuwashinda, hadi 883, kwa sababu vita vilikuwa kwenye mifereji na matete na waasi walizijua njia zake. Weusi wanaoishi Basra na Zubair hadi leo ni sehemu ya historia ndefu ya watu waliovushwa kwenda huko.

Ya pili hufika kwetu kila mwaka ikiruka. Kuna ndege mdogo wa kahawia mwenye jina la Basra, anayezaliana karibu peke yake katika matete ya Iraq. Majira yetu ya vuli anaposikia baridi inakuja kwao, huja kupumzika kwenye vichaka vya kando ya maji Kenya, Tanzania, Malawi na Msumbiji. Huko Ngulia, Tsavo Magharibi, ambako ndege wahamao wamekuwa wakinaswa na kuvishwa pete tangu 1969, ndege huyu hupatikana kila msimu wa Novemba na Desemba. Yumo kwenye orodha ya walio hatarini kutoweka. Anahitaji matete ya Hammar na vichaka vya Mto Tana. Ukimnyima kimojawapo, kingine hakimtoshi.

Ya tatu iko jirani. Delta ya Murchison, Uganda, pale Nile inapoingia Ziwa Albert, ni ardhioevu yenye hadhi ya Ramsar, mkataba wa kimataifa wa kulinda ardhioevu. Jirani yake ndipo ulipo mradi wa mafuta wa Tilenga, unaoongozwa na TotalEnergies, kampuni ambayo pia ina mkataba mkubwa kusini mwa Iraq. Bomba litakalosafirisha mafuta hayo ni la kilomita 1,443, na mwisho wake ni Chongoleani, Tanga. Anayetaka kujua maswali ya kuuliza kuhusu barabara, matuta na maji ya visimani, Iraq ina majibu ya miaka hamsini.

Kuna mahali vita viliwahi kukiokoa kinamasi?

Kuna Sudd, Sudan Kusini. Mfereji wa Jonglei ulianza kuchimbwa 1978 ili Nile Nyeupe ikikwepe kinamasi na maji mengi zaidi yafike Sudan na Misri. Urefu uliopangwa ulikuwa kilomita 360. Zikiwa zimechimbwa kilomita 240 hivi, waasi wa SPLA walishambulia kambi ya wachimbaji, na kazi ikasimama 1984. John Garang, kiongozi wa SPLA, alikuwa ameandika tasnifu yake ya udaktari juu ya mradi huo huo. Sudd ilibaki. Lakini vita hivyo viliua watu wengi mno kwa yeyote kuviita mlinzi wa mazingira, na wazo la kuumalizia mfereji bado hurudi kila baada ya miaka michache.

Sheria haikatazi mambo haya?

Inakataza kwa sehemu. Mkataba wa 1976 unaopiga marufuku kubadilisha mazingira kuwa silaha, na Itifaki ya Kwanza ya 1977 ya Mikataba ya Geneva, vyote vinahusu vita kati ya nchi na nchi. Serikali inayokausha ardhi yake ili kuwamaliza raia wake ilipita katikati ya sheria hizo. Mwaka 2022 Tume ya Sheria za Kimataifa ilipitisha kanuni 27 za kulinda mazingira kabla ya vita, wakati wa vita na baada yake, zikiwemo za vita vya wenyewe kwa wenyewe. Ni hatua, ingawa si mkataba wa kumfunga mtu.

Kuhusu mito, mkataba wa Umoja wa Mataifa wa 1997 unazitaka nchi zinazochangia mto zigawane maji kwa haki. Nchi tatu ziliupigia kura ya hapana: China, Uturuki na Burundi. Zote tatu zina vyanzo vya mito ya watu wengine.

Kuingizwa UNESCO kumesaidia?

Kidogo. Julai 2016 maeneo manne ya vinamasi hivi na miji ya kale ya Uruk, Ur na Eridu viliingizwa kwenye Urithi wa Dunia, na Hawizeh ilikuwa eneo la Ramsar tangu 2007. Hadhi hiyo imewapa watetezi karatasi ya kuinua mezani, lakini haijaongeza maji, na mipango ya kuchimba mafuta Hawizeh imeendelea kusukumwa.

Nikitaka kujionea mwenyewe, nianzie wapi?

Anza na picha za setilaiti za Landsat, zinazopatikana bure mtandaoni. Chukua eneo la Qurna, kisha linganisha miaka ya 1973, 1990, 2000, 2005, 2019 na 2023. Msimu uwe mmoja, mwezi wa tatu au wa nne, la sivyo utadanganywa na kiangazi. Rangi nyeusi ni maji, kijani ni matete, nyeupe ni chumvi. Ukishazizoea rangi, tafuta mistari iliyonyooka, kwa kuwa mto haunyooki. Ukiona nyeusi imekomea kwenye mstari ulionyooka na upande wa pili ni nyeupe, hapo pana tuta. Kwenye picha za 1990, mistari mingi ya Hawizeh ni ya jeshi. Kwenye picha za karibuni, ifuate mistari hiyo hadi mwisho wake, na mara nyingi utakuta kiwanja cha mraba chenye kisima.